Kadi za Kiingereza cha Mama

Baba yangu alifundisha Kiingereza kwa zaidi ya miaka thelathini katika shule za Old Moshi, na katika muda wote huo sijui mtu aliyekivunja Kiingereza mbele yake akaachwa hivi hivi, isipokuwa mama. Mchungaji alisahihishwa. Bwana shamba alisahihishwa. Hata barua ya rambirambi tuliyoletewa babu alipofariki ilipigwa alama mbili za wino mwekundu, ingawa kwa heshima ya marehemu haikupewa maksi. Mimi nilirithi ugonjwa huo kama wengine wanavyorithi pua.

Mama alikiokota Kiingereza chake jikoni. Kabla ya kuolewa alifanya kazi katika nyumba ya mlowezi mmoja mwenye shamba la kahawa, akipika na kulea watoto, na alitoka huko na ujuzi wa kuoka keki kwenye sufuria, makaa chini na juu, pamoja na lugha nzima aliyojijengea mwenyewe. Maneno yalikuwa ya Kiingereza, ila namna ya kuyapanga na kuyatumia ilikuwa ya kwetu. Kwa Kiingereza alisema anasikia harufu, masikio yakifanya kazi ya pua. Mtu asiyeonekana siku nyingi alimwambia amepotea. Akitoka kwenda dukani alimuaga mgeni kwa kusema anakuja, mgeni akabaki anamtazama anavyokwenda zake. Na mtu akijikwaa alimpa sori. Mzungu mmoja aliyejikwaa kwenye jiwe akipita kijijini na mwongozaji wake alimwuliza kwa mshangao kama ni yeye aliyeliweka lile jiwe njiani. Mama akamjibu kwamba jiwe ni la Mungu, lakini mguu unauma.

Aliyekipata Kiingereza hicho kwa wingi kuliko wote, hata hivyo, ni ng'ombe wetu. Mama alisema Kichagga ni kizito mno kumtukania mnyama, na tena majirani wanakisikia. Kiswahili kilikuwa cha kanisani na sokoni. Kwa hiyo ng'ombe akiipiga ndoo ya maziwa teke, alisomewa mashtaka yake kwa Kiingereza kuanzia mwanzo hadi mwisho, pamoja na tabia za mama yake mzazi na za shangazi zake.

Nilimpenda mama, lakini nilikionea aibu Kiingereza chake. Niseme wazi, maana bila hilo mengine hayataeleweka. Katikati ya miaka ya themanini nilikuwa shule ya bweni ya wasichana, na pale aliyekamatwa akiongea lugha isiyo Kiingereza alivishwa kibao shingoni, akakibeba mpaka amkamate mwenzake. Jumapili moja ya kutembelewa, mama alikuja na kapu la kiburu, ndizi zilizopondwa na maharage, pamoja na ndizi mbivu. Akakutana na mwalimu wa zamu langoni, na badala ya kumsalimu kwa Kiswahili kama wazazi wengine, akamwamkia kwa Kiingereza, akaendelea kumweleza habari za safari, za mvua, za mtoto wake ambaye ni mimi. Wasichana waliokuwa nyuma yangu walicheka. Mmoja alimwigiza muhula mzima, bwenini, kwenye foleni ya uji, kila mahali.

Nami nilicheka nao. Mama alikuwa bado hajafika hata kwenye kona ya barabara.

Mwanzoni mwa miaka ya tisini baba akiwa ameshastaafu, aliletewa barua na mwanafunzi wake wa zamani aliyekuwa mhadhiri. Kulikuwa na watu waliokuwa wakitayarisha kamusi ya Kiingereza kama kinavyosemwa huku kwetu, kilichokaa na Kiswahili na lugha za makabila mpaka kikabadilika rangi. Walitafuta watu wa kukusanya maneno hayo yanavyotoka midomoni. Baba aliisoma barua mara nyingi. Kwa siku kadhaa alikuwa mtu wa kununa, anatembea kihambani, shamba letu la nyumbani, kati ya migomba na mikono nyuma. Kisha akatuita mezani, akasema, "Miaka yote hiyo nimekuwa nafuta. Sasa wanataka kile nilichokuwa nafuta."

"Pole, Mwalimu," mama akamwambia, na akaenda kukata majani.

Sikutegemea baba angeikubali kazi ile, na sikutegemea kabisa kwamba ingemfurahisha. Alichukua karatasi za mitihani ya zamani, akazikata vipande vya ukubwa wa kiganja, akawa anaandika upande ulio mtupu. Hizo ndizo alizoziita kadi. Kila kadi ilibeba neno moja, maana yake, sentensi nzima kama ilivyosemwa, aliyeisema, mahali na siku. Aliweka masharti, maana bila masharti hakuweza hata kunywa chai. Sentensi iandikwe siku ile ile iliposikika. Isirekebishwe hata kidogo. Na la muhimu kuliko yote, hakuna kuandika kutoka kwenye kumbukumbu, kwa sababu, alisema, mtu akikumbuka maneno ya mwenzake huyavalisha nguo zake mwenyewe.

Alizunguka na kadi mfukoni. Alishuka mpaka Mabogini kuwasikiliza mabwana mifereji wakibishana na mtaalamu wa kigeni kwenye majaruba ya mpunga. Alipanda basi kwenda Holili kuwasikiliza makarani na wachuuzi waliokuwa wakivuka kwenda Kenya na kurudi, kwa kuwa siku hizo biashara ilikuwa imefunguliwa na kila mtu mpakani alikuwa na Kiingereza cha kujitetea. Lakini kadi nyingi kuliko zote zilitoka nyumbani. Pembeni aliandika kwa herufi ndogo: mke wangu, jikoni. Mke wangu, bandani. Mke wangu, akimsindikiza mgeni.

Mama alipogundua kwamba anaandikwa alianza kumchokoza. Alimtupia baba sentensi za ajabu, Kiingereza kilichopinda kama njia ya mbuzi, ili aone kama zitaandikwa. Baba alikataa. "Hiyo umeitunga," alimwambia. "Hiyo haihesabiki." Kwa hiyo akajifunza kumvizia. Nilimkuta zaidi ya mara moja, mwalimu mzima na koti lake, amesimama nyuma ya ukuta wa banda na penseli mkononi, akimsikiliza mkewe akigombana na ng'ombe, akitabasamu peke yake. Sikuwahi kumwona akimtazama mama hivyo wakati wa miaka yote ya kusahihisha watu. Nadhani alimpenda upya kupitia zile kadi, na nadhani mama alilijua hilo, maana alianza kuongea na ng'ombe kwa sauti ya juu zaidi.

Mama alifariki miaka michache baadaye. Aliugua muda mfupi, hata hatukupata nafasi ya kuzoea kwamba ni mgonjwa. Tulimzika kihambani. Baba aliweka penseli chini na hakuishika tena.

Wakati huo macho yake yalikuwa yameshaanza kupoteza nuru. Presha ya macho, walisema hospitalini, na kilichokwisha kupotea hakirudi. Mimi nilikuwa mjini Moshi. Shirika nililokuwa nalifanyia kazi kama katibu muhtasi lilikuwa limebinafsishwa, wengi wetu tukapunguzwa, nikajifungulia kibanda cha kuchapa karibu na stendi na mashine yangu moja ya taipu. Watu waliniletea barua za kuomba kazi zilizoandikwa kwa mkono, nami nazichapa kwa Kiingereza safi. Ndiyo iliyokuwa sifa yangu pale mjini: ukimpelekea yule dada barua, hata kama umeiandika ovyo, inatoka imenyooka. Ilikuwa ni miaka ambayo shule za inglishi midiamu zilikuwa zinachipuka kila mtaa, na mtu aliyekosea neno moja kwenye barua aliweza kukosa mlo wa familia yake. Nilijiona ninaokoa watu.

Baba aliniletea maboksi yake ya kadi, matatu, ya viatu, yamefungwa kwa kamba za migomba. Mhadhiri alikuwa ameomba orodha iliyochapwa ili aipeleke kwa watu wa kamusi.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Hizi hapa, mwanangu. Nakili kama zilivyo. Usiguse kitu."

Nikaitikia. Kila mteja aliniambia hivyo hivyo, na kila mteja alinishukuru baadaye kwa kutomsikiliza.

Sitaki kujitetea. Nilijua kazi ya kadi ilikuwa nini, baba alikuwa amenieleza vizuri. Lakini moyoni sikuamini kwamba watu wenye akili zao wanaweza kutaka kitabu cha makosa. Kadi za mwanzo mkono ulisahihisha kabla ya kichwa. Ni mazoea, vidole vilishazoea kunyoosha. Karani wa Holili nikamnyoosha. Mwongozaji wa watalii nikamnyoosha. Kadi ambazo hazikunyoosheka niliziweka kando, nikajisemea baba amezichanganya tu kwa sababu ya macho.

Kisha nikafikia za mama, na hapo siwezi kuusingizia mkono. Nilizisoma zote kwanza, nikiwa nimefunga dirisha la kibanda. Nilimsikia kabisa. Nikaona mtu fulani huko mbali, ofisini, akiichukua sentensi ya mama yangu na kumsomea mwenzake, na wote wawili wakicheka. Nikakumbuka lile lango la shule na mimi nikicheka, na nikaapa kwamba hakuna atakayemcheka tena. Mama yangu alikuwa kaburini, nami nilitaka aingie kwenye kitabu cha Wazungu akiwa amependeza. Basi nikamsahihisha. Nilifanya kazi ile kwa uangalifu kuliko barua zote nilizowahi kuchapa, nikilia na kufuta machozi yasidondokee karatasi.

Ilipokwisha nilipeleka orodha posta. Na kadi nikazifanya nilivyozifanya karatasi zote za wateja zikishachapwa: nikampa jirani yangu, mama muuza maandazi, azitumie kufungia. Zilikuwa za ukubwa mzuri, alisema. Akanishukuru sana. Wiki nzima watu wa stendi walishikia maandazi ya moto kwa maneno ya mama yangu, wakala, wakafuta vidole, wakatupa.

Jibu lilichukua miezi. Lilikuja kwa anwani ya kanisa kama barua zote za kule juu, na nilipopanda nyumbani Jumamosi baba alikuwa amelikalisha mapajani, hajalifungua, ananisubiri nimsomee. Alikuwa amevaa shati jeupe. Nilisoma kwa sauti. Mhadhiri alimshukuru mwalimu wake kwa heshima zote. Alisema orodha imechapwa vizuri kuliko zote walizopokea. Lakini yeye na wenzake wameipitia mara mbili na hawakuona neno wala sentensi ambayo haimo tayari katika kamusi yoyote ya dukani. Aliuliza kwa adabu kama mwalimu bado anazo kadi zenyewe, pengine kuna kilichopotea wakati wa kunakili.

Ningeweza kuruka mistari ile. Baba asingejua. Nilifika katikati yake ndipo nikafikiria kuiruka, na nilikuwa nimechelewa.

Baba alinyoosha mkono, akaipokea barua. Halafu akasema, "Una nakala ya ile orodha?" Nilikuwa nayo kwenye mkoba. "Nisomee ya mama yako. Ile ya bandani, ya siku ndama alipozaliwa."

Nikaitafuta, nikaisoma. Ilikuwa sentensi fupi, nzuri, isiyo na dosari. Baba aliinamisha kichwa kama mtu anayesikiliza redio yenye mkwaruzo.

"Hapana," akasema. "Nisomee kilichoko kwenye kadi."

Nilimwambia. Nilimwambia yote nikiwa nimesimama, kama mwanafunzi: kunyoosha, kuziweka kando, maandazi. Hakunikemea. Laiti angenikemea. Alitafuta fimbo yake kwa mkono, akainuka, akatoka nje, akaenda kukaa kwenye kiti cha ubao upande wa banda la ng'ombe, ambako wakati huo hapakuwa na ng'ombe tena.

Nilishuka mjini mchana ule ule. Mama wa maandazi alipindua kapu lake, akapekua chini ya meza, akamtuma jirani atazame kwenye jalala. Ilipatikana kadi moja, imeloa mafuta, imekunjwa mara nne. Ilikuwa ya mchuuzi wa Holili, akimweleza askari kwa nini ana masanduku mawili. Yule mama alinipa pole nyingi na andazi la bure, na nilimchukia kwa ule wema wake, ingawa hakuwa amekosa chochote.

Asubuhi yake nilipanda tena. Kabla ya kuingia ndani nilichuma jani la isale mpakani mwa kihamba. Kwetu, mtu akikujia na jani hilo mkononi amekuja kuomba radhi, na huwezi kumfukuza, hata kama amekuulia ndugu. Baba alikuwa amekaa pale pale. Nilipiga magoti, nikaliweka jani mkononi mwake. Alilipapasa kuanzia shina mpaka ncha, akajua ni nini, na akajua ni nani.

"Nimepokea," akasema. Akaniwekea mkono kichwani. "Simama, umande utakulowesha."

Nilikuwa nimekuja na karatasi na kalamu. Nikamwomba anitajie zile sentensi, hata chache tu. Alikaa na mama maisha yote, kadi aliziandika kwa mkono wake, lazima anazikumbuka. Nilimwambia nitaandika kila neno, sitagusa hata nukta. Nilimbembeleza kama mtoto.

"Siandiki ninachokumbuka," alisema.

"Sheria hiyo uliiweka wewe mwenyewe, baba. Unaweza kuiondoa."

"Sikuiweka kwa ukali, mwanangu. Niliiweka kwa sababu najijua. Mimi ni mwalimu. Nikimkumbuka mama yako, namkumbuka ameshasahihishwa. Ndiyo maana nilikuwa nakimbilia penseli." Alikuwa bado ameshika lile jani, analizungusha kwa vidole. "Jaribu wewe. Wewe ulinyonya kwake. Sema kitu chake chochote, kama alivyokisema."

Nikachagua kitu chepesi. Katika nyumba ya mlowezi, mke wa bwana kila asubuhi alitaka kuambiwa kama mlima umetoka mawinguni au la, na mama alibaki na desturi hiyo mpaka kufa: akifungua mlango wa jikoni akakuta mawingu, alitangaza habari za mlima kwa Kiingereza kwa sauti kubwa, na baba akaitikia kutoka chumbani. Nilizisikia habari hizo kila siku ya utoto wangu. Nilizisikia nikiwa kitandani, nikiwa navaa sare, nikiwa nakunywa uji.

Nilifunga macho, nikafungua mdomo. Nikasikia sauti yangu ikisema, kwa Kiingereza kizuri kabisa, kwamba mlima hauonekani leo kwa sababu ya mawingu.

Najua hakusema hivyo. Ndani ya sentensi yake kulikuwa na mlima kukataa kitu, au kununa, au kujifungia. Kulikuwa na neno lililokaa mahali ambapo Mwingereza asingeliweka, na ndilo lililomfanya baba acheke akiwa bado hajaamka sawasawa. Nikajaribu mara ya pili. Ikatoka safi zaidi. Nikajaribu ya tatu, taratibu, nikijilazimisha kukosea, na hata kosa nililolitengeneza lilikuwa langu, si lake. Mama alikuja kichwani na gauni lake na kitambaa chake, akafungua mlango, na kila alichokitamka kilikuwa kimenyooka.

Baba alisikiliza mpaka mwisho, uso ameuelekeza kwangu.

"Huyo simjui," akasema.